Namna ya kumkamata Virgil alipojificha ndani ya Dante (na wenzake)

Juzi baada ya alasiri niko zangu barazani huku Ngamiani, kikombe cha pili cha kahawa, kashata bado mkononi, binti wa kaka yangu akaja kashika simu yake kama mtu aliyebeba barua ya msiba.

"Shikamoo ami."

"Marahaba mwanangu, za masomo?"

"Nzuri ami, ila hapa nimekwama."

Akanipa simu nisome. Asaimenti ya fasihi, wameambiwa waeleze athari ya fasihi ya kale ya Wagiriki na Warumi kwa waandishi wa Zama za Kati kule Ulaya (kama karne ya 5 mpaka ya 15), na yeye keshaandika ukurasa mmoja na nusu: Virgil alimuathiri Dante, Ovid alimuathiri Chaucer, Boethius aliwaathiri wote (Virgil na Ovid ni washairi wa kale wa Kirumi, Boethius msomi wa Kirumi, Dante mshairi Mtaliano na Chaucer Mwingereza), hilo neno "alimuathiri" nimelihesabu mara kumi na moja. Nikamwambia mwanangu hii sio asaimenti, hili ni daftari la michango ya harusi, umenitajia nani katoa lakini hujanambia pesa imenunua nini.

Tukakaa mpaka magharibi. Haya ndo niliyomwambia, nimeyaandika kwa yeyote mwenye kazi kama hiyo, au anayesoma tu kwa raha zake na anataka kujua ile harufu ya zamani anayoisikia kwenye kitabu cha karne ya 14 inatoka jiko gani. Na siri nzima naitoa hapa juu nisikuzungushe: usihangaike na alichochukua, kuchukua wote wamechukua, wewe tafuta alichobadilisha. Hapo ndo mwandishi anapoongea kwa sauti yake.

Kwanza toa neno "kukopi" kichwani

Sisi tumelelewa na mitihani, mtu akichungulia karatasi ya mwenzake ni mwizi. Wale wa Zama za Kati hawakuwa na hofu hiyo, kwao aibu ilikuwa ni kusema jambo ambalo hakuna mkubwa yeyote aliyewahi kulisema kabla yako. Bernard wa Chartres, mwalimu wa Ufaransa karne ya 12, alikuwa akisema sisi ni vibeti tuliokaa mabegani mwa majitu, tunaona mbali sio kwa sababu ya macho yetu ila kwa sababu tumebebwa, na tunalijua hilo kwa kuwa John wa Salisbury aliliandika mwaka 1159.

Hamu ya kuwa na mkubwa nyuma yako ilikuwa kali kiasi kwamba watu walifika kuwazua. Chaucer kwenye hadithi ya Troilus na Criseyde anasema anamfuata mwandishi wa kale aitwaye Lollius, na huyo Lollius hayupo, kitabu alichokuwa nacho mezani ni cha Boccaccio, Mtaliano wa karne yake mwenyewe. Yaani leo mtu anaiba anaficha, Chaucer katunga halafu akajifanya kakopi.

Kwa mtu wa pwani hili lisikupe tabu, unalijua toka nyumbani. Hemedi bin Abdallah el-Buhriy wa huku huku Tanga alipotunga utenzi wa vita vya Wadachi, yaani Wajerumani, kuitwaa Mrima hakuanza na umbo jipya, kachukua lile lile la tenzi za vita vya zamani vya dini, mizani nane nane na vina vyake, akawamwagia humo Wadachi na mizinga yao. Hakuna aliyemwita mwizi. Msikilizaji akisikia mdundo wa vita vya kale juu ya vita alivyoviona kwa macho yake anaelewa kitu ambacho mtunzi hakukitamka, kwamba vita hivi ni vya kundi lile lile. Basi shika hilo, ndo mtambo wenyewe unavyofanya kazi, kule Ulaya ni lugha tu imebadilika.

Halafu jua mezani kwake kulikuwa na nini

Hapa watu wengi wanaumia na mi nimeumia kabla yao. Zamani kidogo nilisimama kwenye kikao cha wapenda vitabu, suti nimeazima, nikamwaga maneno jinsi Dante alivyomsoma Homer, yule mshairi mkubwa wa Wagiriki wa kale, akachukua hiki na kile. Mzee mmoja mwalimu mstaafu akanyoosha mkono, taratibu kabisa, "Alimsoma kwa lugha gani, mwanangu?" Nikatoka jasho mpaka kwenye kola, maana jibu ni kwamba hakumsoma. Dante hakujua Kigiriki na enzi zake hakukuwa na tafsiri ya maana ya Homer kwa Kilatini. Alimjua kwa sifa tu, kama unavyomjua mtu mkubwa wa mjini ambaye hujawahi kumuona. Hata Petrarch, mshairi Mtaliano aliyekuja baada yake, alipata nakala ya Homer kwa Kigiriki kama mwaka 1354 na asiweze kuisoma, aliandika kwamba Homer kwake ni bubu au yeye kwa Homer ni kiziwi, akawa anakikumbatia kile kitabu na kuhema.

Kwahiyo kabla hujaandika "fulani alichukua kwa fulani" jiulize mambo mawili, lugha na nakala. Ulaya ya magharibi kwa karne nyingi ilikuwa na Kilatini: Virgil, Ovid, Lucan, Statius, Horace, Terence, Cicero kwa vipande, na Boethius aliyeandika kitabu chake cha kujiliwaza akiwa gerezani akauawa kama mwaka 524. Habari za vita vya Troy hawakuzipata kwa Homer, walizipata kwenye vitabu viwili vya Kilatini vilivyopewa majina ya Dares na Dictys, watu waliodaiwa walikuwepo vitani wakaona wenyewe. Uongo mtupu, lakini ulipendwa kuliko ukweli, maana shahidi wa macho ana uzito kuliko mshairi. Na tukiwa hapo hapo Troy, Geoffrey wa Monmouth karne ya 12 akaandika kwamba Uingereza ilianzishwa na Brutus, kitukuu cha Aeneas, shujaa wa Troy ambaye Warumi walimhesabu babu yao, yaani Warumi wana babu kutoka Troy na sisi pia tunaye. Usicheke, mwambao huu nao umejaa miji inayosema babu zetu walitoka Shiraz. Kila mji unataka babu aliyekuja kwa jahazi.

Jingine, angalia walivyosoma shuleni. Mtoto alianza na sarufi ya Donatus, akahifadhi mistari ya Virgil kabla hajaielewa vizuri, pembeni mwa ukurasa kuna maelezo ya Servius yanamfafanulia neno kwa neno. Aliyepita chuoni akahifadhi Ajurumiya, kile kitabu cha nahau ya Kiarabu, anaijua hali hii, kwanza inakaa kinywani, maana inakuja baadae, na ikishakaa kinywani haitoki hata ukiwa mtu mzima unaandika ya kwako. Ndo maana mara nyingi athari haionekani kwenye kisa, inaonekana kwenye mdundo wa sentensi au kwenye mfano mmoja mdogo.

Na tahadhari. Kulikuwa na vitabu vya misemo iliyochumwa huku na huku, mtu ananukuu Seneca vizuri kabisa na kitabu cha Seneca hajawahi kukishika. Kama sisi tu, mtu kaweka msemo wa Shaaban Robert kwenye status kila Ijumaa, ukimuuliza umetoka kitabu gani anakwambia nimetumiwa.

Sasa kaa chini uweke vipande viwili ubavuni

Hii ndo kazi yenyewe, hayo mengine ni kunawa mikono. Chukua daftari, ukurasa ugawe mara mbili kwa kalamu, kushoto wa kale, kulia wa Zama za Kati. Tafsiri za zamani za Kiingereza ziko bure mtandaoni, ila chagua: ya Longfellow kwa Dante (1867) inafuata mstari kwa mstari kwahiyo namba zinakubali, ya Dryden kwa Virgil (1697) ni tamu lakini kaivuta kwa ajili ya vina vyake, namba za mistari hazilingani na Kilatini utapotea, hapo bora utafute ya nathari. Vipande vya hapa chini nimevigeuza kwa Kiswahili changu.

Mfano wa kwanza, majani. Kwenye Aeneid, utenzi wa Virgil juu ya Aeneas, kitabu cha 6, Aeneas kashuka kuzimu na kahini mmoja mwanamke, wamefika mtoni, kuna mzee Charon mwenye mtumbwi, na roho zimejazana ukingoni. Virgil anasema ni wengi kama majani yanavyodondoka msituni kwenye baridi ya kwanza, wengi kama ndege wanavyokusanyika nchi kavu pale msimu wa baridi unapowafukuza wavuke bahari. Wamesimama wananyoosha mikono kwa hamu ya ng'ambo.

Dante, kwenye utungo wake wa safari ya ahera ambamo Virgil ndo anamuongoza njia, wimbo wa 3 wa sehemu ya Motoni, mto ule ule, Charon yule yule, macho ya moto yale yale. Majani pia yapo. Lakini soma polepole: kama majani yanavyodondoka moja baada ya jingine mpaka tawi linaona mavazi yake yote yako chini, ndivyo mbegu mbaya ya Adamu inavyojirusha kutoka ukingoni, mmoja mmoja, kwa ishara, kama ndege anayeitikia wito wake.

Binti wa kaka yangu akasema, "Ami, si kakopi tu?" Nikamwambia tazama mkungu ule. Barazani kwetu tuna mkungu, na ulikuwa ndo unapukutika, majani mekundu. Ukitazama chini unaona zulia, majani mia mbili, huwezi kutaja moja. Hapo ndo Virgil, anatazama chini, neno lake ni "wengi". Sasa inua macho utazame tawi usubiri. Likaanguka moja, likachelewachelewa hewani, pa, juu ya bao la kahawa. Tukasubiri. Jingine. Hapo ndo Dante. Kachukua mfano wa wingi kaugeuza mfano wa mmoja mmoja, na tawi kalipa macho likae linaangalia linavyovuliwa nguo. Na ndege nao, kwa Virgil ni kundi, kwa Dante kabaki mmoja, ameitwa anakuja.

Kwanini? Sasa ndo unaruhusiwa kuandika neno athari. Kwa Virgil zile roho zinangoja zamu, na wale ambao hawakuzikwa wanarudishwa nyuma, shida yao ni msiba. Kwa Dante kila mmoja yupo pale kwa dhambi yake mwenyewe, na anasema wazi kwamba haki ya Mungu inawasukuma hadi hofu inageuka kuwa hamu. Kila nafsi na hesabu yake. Mkristo wa mwaka 1300 hawezi kuwamwaga watu motoni kwa fungu kama majani ya kufagia, lazima waanguke mmoja mmoja. Imani yote iko kwenye "moja baada ya jingine", na usingeiona bila ya Virgil kukaa kushoto mwa daftari.

Mfano wa pili ni mfupi na mi naupenda zaidi. Aeneas anakutana na marehemu baba yake kuzimu, anataka kumkumbatia, mara tatu anapeleka mikono, mara tatu kivuli kinapenya kama upepo mwepesi. Dante kashatoka Motoni, yuko ufukweni alfajiri mlima wa toharani, mahali roho zinapotakaswa kabla ya peponi, uko nyuma yake, chombo kinafika hakina kasia wala tanga, nahodha ni malaika, wanashuka abiria, mmoja wao anamkimbilia amkumbatie. Ni Casella, mwimbaji, rafiki yake. Mara tatu Dante anafunga mikono nyuma ya mgongo wa mwenzie, mara tatu mikono inamrudia kifuani kwake.

Weka kwenye daftari. Kilichobaki: mara tatu, mikono, kivuli. Kilichobadilika: sio baba ni rafiki, sio gizani ni alfajiri pwani, Aeneas analia, Casella anatabasamu. Halafu rafiki anaombwa aimbe na anaimba. Dante kabeba tukio la huzuni kutoka kuzimu kwa wapagani kaliweka mahali penye tumaini, mkumbatio umeshindikana lakini hapa haujafungwa mlango. Na hii ya mara tatu Virgil nae kaitoa kwa Homer, Odysseus na mama yake, kwahiyo Dante kamgusa Homer bila kumsoma, kupitia mkono wa Virgil. Ningelijua hili siku ile ya suti ya kuazima ningekuwa na la kumjibu yule mzee.

Pale anapokwambia "nenda kasome mwenyewe", nenda

Wengine wanaacha mtego wazi. Mke wa Bath, yule mama wa Chaucer aliyeolewa mara tano, katikati ya hadithi yake anachomeka kisa cha mfalme Midas aliyeota masikio ya punda. Anasema Midas alimficha kila mtu isipokuwa mkewe, mke akaapa hatosema, lakini siri ikamvimba tumboni mpaka akakimbilia kwenye bwawa akainamisha mdomo majini akasema, mume wangu ana masikio ya punda. Mnaona wanawake hatuwezi kutunza siri, anasema, na kama mnataka mwisho wa kisa someni kwa Ovid.

Wasomaji wengi wanapita tu. Wewe nenda kwa Ovid, Metamorphoses kitabu cha 11. Mke hayupo. Aliyejua siri ni mtumishi anayemnyoa nywele, kinyozi, mwanaume, ndie aliyechimba shimo akanong'ona ndani yake akafukia, na matete yakaota pale yakawa yanaimba kila upepo ukivuma.

Nikamsomea binti, akaweka kikombe chini. "Kwahiyo kamsingizia mke?"

Ndio, lakini nani kasingizia? Mama kasema hivyo kwa bahati mbaya, au yeye nae kalishwa hicho kisa na wanaume (mume wake wa tano alikuwa na kitabu kizima cha ubaya wa wanawake akimsomea usiku usiku), au Chaucer anatuchekea sisi tusiokwenda kuangalia? Usilazimishe jibu moja, andika tu kwamba kinyozi kageuzwa mke na kwamba Chaucer mwenyewe kakupa anwani ukahakiki. Mwandishi anayeiba hakupi anwani.

Suala la dini

Hapa nitapita haraka kwa sababu vitabu vyote vinalisema. Wale walikuwa watu wa dini wanapenda vitabu vya makafiri, na iliwauma. Mtakatifu Jerome aliota anaburuzwa mbele ya hakimu, akasema mimi ni Mkristo, akaambiwa muongo, wewe ni mtu wa Cicero, akachapwa. Augustine akapata njia ya kutokea: Waisraeli walipotoka Misri walibeba dhahabu ya Wamisri, basi na sisi tubebe ya wapagani tuitumie vizuri. Kila ukiona mwandishi anamsukumia mungu wa Kirumi maana ya Kikristo, hiyo ndo dhahabu ya Misri. Mfaransa mmoja mwanzoni mwa karne ya 14 alimchukua Ovid mzima akamgeuza mawaidha, mistari kama 72,000, mara sita ya Ovid mwenyewe, na mi siwezi kukushauri uisome yote.

Ila yupo mmoja siwezi kumruka, Hrotsvit, mwanamke wa nyumba ya watawa ya Gandersheim, Ujerumani, karne ya 10. Anasema wazi kwamba watu wanampenda Terence, Mrumi mtunzi wa michezo ya kuchekesha, kwa utamu wa lugha halafu wanachafuka na yaliyomo, basi yeye kaandika michezo kwa namna ile ile, ila mahali pa wanawake wa ovyo kaweka mabikira waliosimama imara. Katika mmoja liwali anawafungia wasichana watatu chumba cha karibu na jiko, usiku anawaendea na nia mbaya, Mungu anamtia wazimu, anaingia jikoni anakumbatia masufuria na vikaango anavibusu mpaka kawa masizi mwili mzima, wasichana wanachungulia kwenye ufa wanacheka, na askari wake wakimuona wanakimbia wakidhani shetani. Kwenye daftari lako: vurugu za vichekesho za Terence zimebaki, aliyebadilika ni anayechekwa.

Na pale walipokosea

Hii wengi hawaiweki kwenye asaimenti, nadhani wanaona aibu kwa niaba ya wahenga. Athari nyingine imetokana na kutoelewa. Aristotle, mwanafalsafa Mgiriki, aliandika juu ya tamthilia ya huzuni na ya kuchekesha, jukwaani, waigizaji na kila kitu. Kitabu kikapita Kisiria, kikaingia Kiarabu kwa mkono wa Abu Bishr Matta aliyefariki 940, na kwa kuwa ushairi wa Kiarabu haukuwa na jukwaa la namna ile akatafuta kilicho karibu: tamthilia ya huzuni ikawa madih, utungo wa kusifu, ya kuchekesha ikawa hijaa (sio hija ya Maka), utungo wa kumkashifu mtu. Ibn Rushd wa Cordoba karne ya 12 akakifafanua kwa njia hiyo hiyo, akaleta mifano ya ushairi wa Waarabu, na mwaka 1256 Hermannus Alemannus pale Toledo akaugeuza ufafanuzi huo kuwa Kilatini. Kwahiyo wasomi wa Ulaya kwa muda mrefu waliamini Aristotle alifundisha kwamba ushairi wote ni kusifu au kulaumu.

Sasa mtu wa Tanga, mji uliolea taarab, Black Star na Lucky Star zilitoka hapa hapa, mwambie tamthilia ya huzuni ni kasida na ya kuchekesha ni mipasho, atacheka halafu atakwambia mbona inaeleweka. Na ndo uzuri wake, lilikuwa kosa lenye akili. Ukiona mwandishi wa Zama za Kati anasema kazi ya mshairi ni kusifu wema na kulaumu ubaya usikimbilie kusema ni ushamba, fuatilia njia, pengine utajikuta Baghdad.

Kuandika sasa

Kabla ya kalamu chuja kwanza. Sio kila kufanana ni athari. Mshairi anaomba msaada mwanzoni mwa utungo? Wote wanaomba, Warumi kwa miungu wao wa sanaa, tenzi zetu kwa Mola na kwa wino na karatasi. Bustani yenye kijito na ndege? Iko kila mahali. Mambo kama hayo ni viti vya plastiki vya shughuli, kila nyumba vinaazimwa, huwezi kusema kiti hiki kimetoka kwa fulani mpaka uone jina limeandikwa kwa rangi chini yake. Jina ni ile alama ya pekee, neno lile lile, mfano wenye kona ya ajabu, namba tatu, tusi, kinyozi.

Baada ya hapo aya moja iwe na pande mbili na badiliko moja, basi. Ile ya kwanza ya binti ilikuwa "Virgil alimuathiri Dante sana katika maelezo ya kuzimu." Tukaifuta. Ya pili ikatoka hivi:

"Virgil analinganisha roho na majani ili kuonyesha wingi wao. Dante anaurudia mfano huo mbele ya mto ule ule, lakini majani yake yanaanguka moja baada ya jingine huku tawi likitazama. Badiliko hili linahamisha uzito kutoka kwenye umati hadi kwa mtu mmoja mbele ya hukumu yake. Dante anatarajia msomaji amkumbuke Virgil, kwani bila kumkumbuka badiliko halionekani."

Sentensi nne, na "alimuathiri" haipo hata moja. Akaniambia ami mbona fupi, nikamwambia fanya tatu za namna hiyo, majani, Midas, masufuria, ukimaliza una kazi.

Nikampa na zoezi la kwenda nalo nyumbani, na wewe chukua. Kushoto, Aeneid kitabu cha 4, mstari wa 23: Dido mjane, aliyeapa hatopenda tena, anamnong'oneza dada yake kuhusu mgeni Aeneas, "naitambua alama ya moto ule wa zamani." Kulia, Toharani wimbo wa 30, mstari wa 48: Beatrice, mwanamke ambaye Dante alimpenda, aliyefariki miaka kumi nyuma, anatokea mbele ya Dante, nae anatetemeka, anageuka kama mtoto anavyomkimbilia mama, amwambie Virgil aliyemuongoza njia nzima, "naitambua alama ya moto ule wa zamani." Nikamwambia usiishie kwenye mstari, soma na mitatu inayofuata, uniambie kilichobadilika.

Usiku kama saa nne hivi ikaingia sauti kwenye simu. Kimya kwanza, nasikia feni inazunguka. Halafu, "Ami, kageuka amwambie kwa maneno ya Virgil mwenyewe, na Virgil keshaondoka. Mbona hakuaga?"